Mapazia ya Nalotuesha

Jumapili, 9 Machi

Leo baada ya kanisa nimepandisha mapazia yote ya nyumba hii, nikayashusha, nikayapandisha tena. Hakuna aliyeniomba. Nilitaka tu jirani akitazama huku aone kuna watu.

Niko peke yangu hapa Kitengela tangu Desemba. Nyumba ni ya binti yangu Nalotuesha, aliyeijenga akiwa Kanada, tofali kwa tofali, kwa simu, bila kuikanyaga hata siku moja. Ilipokwisha aliniambia, "Yeyo," mama kwa Kimaa, "umestaafu. Kaa hapo uniwekee mpaka nije." Basi nikamwachia mume wangu Kuntai ng'ombe wetu kule Ewuaso Kedong, nikaja na sanduku moja. Nilifundisha darasa la nne miaka mingi, nimezoea kelele. Kimya cha hapa ndicho kimenifanya nianze kuandika.

Mapazia yenyewe aliyatuma kwa meli. Hayaning'inii kama yetu. Yanajikunja kwenda juu, na ukitazama kitambaa chake ubavuni unaona vijumba vidogo vidogo kama sega la nyuki. Anasema kule hewa hunaswa ndani ya vile vijumba, baridi ikashindwa kupita. Hapa hakuna baridi kama hiyo. Lakini tuliyachagua pamoja, yeye dukani, mimi kwenye simu, akinigeuzia rangi moja moja. "Ya chumba changu nataka rangi ya maziwa," alisema. Chumba chake kiko tayari. Nimekitandika mara nyingi kuliko changu.

Jumatano, 12 Machi

Joto. Vumbi. Maji ya mfereji hayakuja.

Jumapili, 16 Machi

Kuntai amepiga. Ng'ombe wanatembea mbali kutafuta majani, na mawingu yanakusanyika juu ya Ngong halafu yanatawanyika. Akauliza kama nakula vizuri, kama mlinzi wa geti ni mtu wa kuaminika, kama goti bado linaniuma. Habari za Nalotuesha hakuuliza, nami sikumtaja. Tumeishi hivyo miaka minne.

Kijana wetu Lemein alipokufa kwa ajali ya pikipiki, Kuntai alizuia mazishi ili dada wa marehemu afike. Watu walikuja, wakarudi makwao, wakaja tena. Nalotuesha hakufika. Makaratasi yake ya kukaa Kanada yalikuwa bado hayajatoka, na angeondoka kule asingeruhusiwa kurudi. Nilimweleza Kuntai hayo yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Mtu akiwa na miguu huja kumzika ndugu yake." Tangu hapo, simu ya binti yake ikiita, yeye huinuka akaenda kutazama ndama.

Moyoni nilimwita jiwe. Mpaka leo namwita hivyo.

Ijumaa, 21 Machi

Nalotuesha amepiga nikiwa naosha vyombo.

"Yeyo, umekaa chini?"

"Nimesimama. Sema tu."

"Kaa kwanza."

Nikakaa.

"Nimepata mtu wa kununua nyumba."

Nikamuuliza nyumba gani, kana kwamba anazo nyingi. Akaniambia polepole, kama mtu anayemlisha mgonjwa uji. Yule Hiram, kijana wa Nyeri aliyewahi kunitajia, wanataka kuoana. Wanatafuta pa kukaa huko huko. Nyumba haiwezi kukaa bila mwenyewe, na mimi siwezi kuzeekea getini mwa mtu mwingine huku Papa akijipikia.

"Na huku kwetu?" nikasema.

"Huko nitakuja kutembea, Yeyo. Makaratasi yakitoka."

Kutembea. Kutembea ni kwa watu. Kwenu unarudi.

Wanunuzi ni Wanyama na mkewe Caren, watu wa Bungoma, wanapanga hapa hapa Kitengela. Mwenye nyumba wao anataka waondoke mwisho wa Mei. Kabla hawajaingia wanataka kupaka rangi, na fundi wao hataki kuanza kabla madirisha hayajawa tupu.

"Mapazia usiwaachie," Nalotuesha akasema. "Yatoe upeleke nyumbani. Hayo ni yetu, mimi na wewe."

Akanieleza namna ya kuyatoa. Pandisha pazia mpaka juu kabisa, likunjike lote. Utaona limeshikiliwa na reli, na reli imeshikwa na vishikio vya chuma vilivyofungwa kwa skrubu juu ya dirisha. Kila kishikio kina kiulimi. Sukuma reli nyuma kidogo, bonyeza kiulimi kwa bisibisi, reli itaachia. Ukimaliza, fungua skrubu utoe vishikio.

"Ni rahisi sana, Yeyo."

Nikamwambia sawa.

Jumatatu, 24 Machi

Mvua ya kwanza. Nimesimama mlangoni nikiinusa mpaka miguu ikalowa.

Jumamosi, 29 Machi

Nimejaribu pazia la jikoni, ambalo ni dogo. Nikapanda stuli, nikasukuma, nikabonyeza. Ta! Reli ikanishukia mkononi bila ubishi wowote, kama mtoto aliyelala. Dirisha likabaki wazi na mwanga mweupe wa mvua ukaingia mpaka kwenye sufuria.

Nikaona jinsi itakavyokuwa. Dirisha moja leo, jingine kesho, mwishowe nyumba ni ya watu na binti yangu hana mlango hata mmoja nchini mwake wa kufungua kwa ufunguo wake.

Nikarudisha reli kwenye vishikio. Ta! Nikashuka, nikafuta stuli.

Jumamosi, 5 Aprili

Caren amekuja na futi ya kupimia. Ni mwanamke mrefu, mcheshi, anaongea akitembea. Alipima kila ukuta. "Hapa nitaweka kabati ya vyombo. Hapa viti. Mama, si hii sebule iko na mwanga mzuri!" Aligusa kuta kana kwamba anampapasa ng'ombe aliyekwisha kumlipia. Sikumpenda. Nilimpa chai kwa sababu mgeni ni mgeni.

"Mapazia utatoa lini, Mama? Fundi wangu wa rangi ananisumbua."

"Yamekwama," nikamwambia. "Fundi aliyeyaweka alikaza sana."

"Pole. Nilete Wanyama ajaribu?"

"Hapana. Nitatumia mafuta kidogo. Yataachia tu."

Sijui uongo huo ulitoka wapi. Ulitoka mzima, umevaa viatu.

Jumanne, 8 Aprili

Mvua.

Jumatano, 9 Aprili

Mvua. Nimemwambia Nalotuesha mapazia yamekwama.

Jumapili, 13 Aprili

Udongo mweusi wa hapa ukilowa unashika kiatu ukakataa kukirudisha. Kanisani tulikuwa wachache. Kuntai anasema nyasi zimeota na ng'ombe mwekundu anakaribia kuzaa. Sauti yake ilikuwa na furaha. Nilitaka kumwambia kwamba nyumba inauzwa, nikaogopa. Angeweza kufurahi, na nisingemsamehe.

Ijumaa Kuu, 18 Aprili

Nalotuesha kapiga simu ya video. Kule theluji bado haijaisha. Uso wake umekonda. "Nionyeshe hicho kilichokwama, Yeyo, nikuelekeze." Nikapanda stuli, nikamwelekezea simu kwenye reli, nikabonyeza kando ya kiulimi, si juu yake. Nikakaza uso kama mtu anayetumia nguvu.

"Umeona? Haiachii."

"Ajabu," akasema. "Basi usijiumize. Caren atafute fundi."

"Hapana, ngoja. Nipe wiki hii."

Alinitazama. Nadhani alijua. Watoto wa walimu hujua mtu anapodanganya. Lakini alisema tu, "Sawa, Yeyo. Umekula?" Na tukaongea habari za chakula, na muda wote huo nilikuwa natazama ukuta nyuma yake, kuona kama kuna picha yetu. Sikuiona. Labda iko ukuta mwingine.

Jumanne, 22 Aprili

Kuntai anasema mto umejaa na malori hayavuki. Ng'ombe mwekundu amezaa jike.

Jumamosi, 26 Aprili

Caren alikuja mchana amelowa, bila mwavuli. Leo hakuwa mcheshi. Mwenye nyumba wao amekwisha kumpata mpangaji mwingine na anawahimiza watoke. Fundi wa rangi ameambiwa asubiri mara tatu, sasa anatishia kwenda kazi nyingine. Nikamwambia kama kawaida kwamba nimejaribu, lakini yamekwama.

"Wacha nione," akasema.

Kabla sijamzuia alikuwa ameinua mkono wake mrefu kwenye dirisha la jikoni. Hakuhitaji stuli. Alipapasa, akabonyeza. Ta! Upande mmoja wa reli ukamwangukia kiganjani.

Mvua ilikuwa inapiga bati. Nilitazama sakafu kama mtoto aliyekamatwa na kipande cha chaki mfukoni. Nilingoja anipigie kelele, na ningemkubalia, maana ana haki.

Caren akainua ile reli taratibu, akaisukuma mahali pake. Ta!

"Kweli, Mama," akasema. "Hii imekwama."

Nikaanza kulia. Sijalia mbele ya mtu tangu tumzike Lemein. Alinivutia kiti, akawasha jiko mwenyewe, akatafuta majani ya chai kwenye makopo mpaka akayapata. Tulipokuwa tunakunywa akaniuliza Nalotuesha anafanana na nani. Nikamwambia anafanana na baba yake, hasa akikasirika. Nikamwambia kila kitu, hata mambo ya Lemein na mazishi.

Akaweka kikombe mezani, akasema, "Mama yangu alikuwa Bungoma. Bungoma si mbali, ni basi moja tu. Kila mwaka nilikuwa nasema nitaenda Krismasi. Kazi, watoto, karo. Nilipoenda kumzika, shangazi akaniambia mama alikuwa hafungi mlango wa jikoni na komeo. Ati nikifika amelala, niingie tu."

"Pole, mwanangu."

"Wewe unamlaumu wa Kanada kwa sababu yuko mbali. Mimi nilikuwa hapa Kitengela."

Aliondoka bila kuniuliza tena habari za mapazia. Nimekaa na vikombe viwili mezani mpaka chai iliyobaki ikaganda utando. Mwanamke huyu na watoto wake huenda wakalala kwa jamaa kwa sababu yangu. Na hakunilaumu.

Alhamisi, 1 Mei

Naandika nikiwa na plasta mkono wa kushoto. Nashukuru si wa kulia.

Jumatatu asubuhi niliamka nimekata shauri. Nilianza na jikoni, kisha chumba changu, kisha cha wageni. Yalitoka yote kwa utii. Nikafungua vishikio, nikaweka skrubu kwenye kikombe, nikayafunga mapazia kwa leso moja moja. Chumba cha Nalotuesha nilikipita, nikajiambia kitakuwa cha mwisho.

La sebuleni ni pana, lina vishikio vitatu. Lilitaka watu wawili, nami nililijua hilo, lakini nilikuwa na haraka ya mtu anayelipa dhambi. Nikaachia cha kulia. Nikaachia cha katikati. Reli ikainama, uzito wote ukaning'inia kwenye kile kimoja kilichobaki. Nikaogopa kitambaa kisivunjike mikunjo yake, nikajinyoosha kukidaka, stuli ikateleza. Nilisikia mkono wangu ukivunjika kabla sijausikia uchungu.

Nililala pale sakafuni nikitazama juu. Reli bado ilining'inia kwenye kile kishikio kimoja, pazia halikupatwa na lolote.

Simu ilikuwa mfukoni. Nikafikiria nimpigie nani. Binti yangu angefanya nini akiwa kule, zaidi ya kulia? Mume wangu yuko ng'ambo ya mto uliojaa. Nikampigia Caren. Alikuja na Wanyama na gari la kuazima. Wanyama akairudisha reli kwenye vishikio, Caren akanishika kama mama yake, akakaa nami hospitali mpaka nikapigwa picha na kufungwa plasta. Kifundo cha mkono kimevunjika. Daktari anasema kitaunga, lakini mifupa ya umri wangu haina haraka.

Nalotuesha nimemwambia niliteleza kwenye matope.

Caren ndiye aliyempigia Kuntai. Sikumtuma.

Jumamosi, 3 Mei

Kuntai amefika. Alizunguka na barabara ya Isinya kwa sababu kwingine hakupitiki, akabadilisha magari sijui mara ngapi. Alisimama mlangoni na fimbo yake na shuka limelowa, akavua viatu vyake vya matairi vilivyojaa matope, akaviweka nje vikitazama barabara.

"Takwenya, Mwalimu."

"Iko," nikaitikia salamu yake.

Ananiita Mwalimu. Zamani aliniita Ngoto Lemein, mama yake Lemein. Jina la marehemu halitamki, na la binti yake halitamki pia, kwa hiyo nimebakiwa na la kazi.

Alinitazama mkono, akauinua kwa vidole viwili kama anavyokagua mguu wa mbuzi. "Nani alikuambia upande juu ya vitu?" Nikamwambia ukweli wote papo hapo, kwamba nyumba imeuzwa, kwamba Nalotuesha anaolewa, kwamba nimedanganya watu mwezi mzima. Nilijua nitamwona akifurahi au akikasirika. Hakuonyesha lolote. Akainuka, akaanza kuzunguka nyumba. Ilikuwa mara yake ya kwanza kuingia humu. Nilisikia nyayo zake zikienda jikoni, zikienda chumba cha wageni, kisha zikasimama. Zilisimama muda mrefu. Nilijua ni chumba gani.

Jumapili, 4 Mei

Nataka kuiandika siku hii yote kabla sijasahau maneno.

Asubuhi nilimkuta Kuntai amelala sakafuni mwa chumba cha Nalotuesha, shuka lake kichwani, kando ya kile kitanda nilichokitandika. Nilikuwa nimempa chumba cha wageni. Nikamuuliza mbona hakulala kitandani basi.

"Si changu," akasema. "Ni chake."

Nilienda jikoni nikasimama pale. Miaka minne nimemwita mtu huyu jiwe.

Mchana mvua ilirudi. Kuntai akasema lile pazia lililonivunja mkono litoke leo, aone ni kitu gani hasa. Nikamwelekeza nikiwa nimekaa. Akapanda stuli, akaachia kishikio cha kwanza, akaachia cha pili, na bega lake likabeba uzito. Cha tatu kikakataa. Safari hii kilikwama kweli, labda nilikipinda nilipoanguka. Alikuwa amesimama mikono miwili juu, reli imelala viganjani, asiweze kwenda mbele wala nyuma, na simu yangu ikaita.

Ilikuwa Nalotuesha, kwa video. Kwake ni asubuhi. Nikaiegemeza kwenye kikombe mezani.

"Yeyo, mkono unaendeleaje? Huyo ni nani kwa dirisha?"

Niliigeuza simu kidogo.

Nilimwona Kuntai akitazama mlango. Kama mikono yake ingekuwa huru angekuwa nje tayari, kwa ndama wasiokuwepo. Lakini angeachia, reli ingepinda na kuvunja kioo. Akabaki hapo, uso ukutani.

"Papa," Nalotuesha akasema.

Mvua ilinyesha.

"Papa, hicho cha mwisho usikivute. Kisukume kwanza nyuma, upande wa kioo. Kiulimi kitalegea."

Waliongea Kimaa, mimi naandika kwa lugha ya kazi yangu. Nilimwona akisukuma.

"Nimesukuma," akasema, akiuambia ukuta.

"Sasa bonyeza. Yeyo, mpe bisibisi."

"Hana mkono wa kuishikia," nikasema.

"Basi kidole gumba, Papa. Bonyeza kwa nguvu."

Akajinyoosha, akabonyeza, akanung'unika. Ta! Reli yote ikamshukia kifuani, akaikumbatia. Kazi ilikuwa imekwisha. Angeweza kushuka na kutoka. Hakushuka.

"Niliwaambia wazee uko njiani," akasema. "Ndugu yako amelala mochari, watu wananiuliza, nawaambia dada yake yuko njiani."

"Najua, Papa."

"Hukuwa njiani."

"Nilifika uwanja wa ndege." Sauti yake ikawa ndogo. "Tiketi nilinunua. Begi nilikuwa nalo. Nikakaa pale kwenye viti nikiwaza, Lemein hayupo sasa, nimebaki mimi. Nikitoka huku sirudi tena, na nisiporudi nani atawaangalia nyinyi? Nikaangalia watu wakipanga foleni. Nikaangalia mpaka ndege ikaondoka. Nikarudi kazini jioni, sikumwambia mtu."

Hilo la uwanja wa ndege sikulijua. Mimi niliyeongea naye kila wiki sikulijua.

Kuntai aligeuka. Kwa mara ya kwanza aliitazama simu. Uso wa binti yake ulikuwa mdogo pale mezani kati ya sukari na dawa zangu.

"Hapo kwenye viti ulikuwa na nani?"

"Peke yangu."

"Hakuna mtu wa kwenu?"

"Hakuna, Papa."

Alitikisa kichwa mara nyingi. "Hiyo ni mbaya," akasema. "Hiyo ni mbaya sana. Sisi hapa tulikuwa wengi. Tulilia tukiwa wengi. Mtu hafai kuachwa alie msiba peke yake." Na baadaye, akiwa bado amekumbatia lile pazia, "Mimi nilikuacha."

Nalotuesha alifunika uso kwa kiganja. Kuntai akaniuliza, "Hiki kitu kinawekwa wapi?" Nikamwonyesha. Akashuka, akakilaza sakafuni, akaja akakaa mbele ya simu akiwa ameinama sana, kama watu wanavyoinama kwenye shimo la maji. Akamuuliza huyo Hiram ni mtu wa namna gani. Nikaenda jikoni nikawaacha.

Jumatatu, 5 Mei

Tumetoa lile la chumba chake, la rangi ya maziwa. Kuntai alitoa, mimi nikapokea kwa mkono mmoja.

Jumamosi, 10 Mei

Fundi wa rangi ameanza. Nyumba inanuka. Caren ameleta maharagwe na mahindi ya kuchemsha, Kuntai amekula sahani mbili akasema watu wa Bungoma wanajua kushibisha. Nilimwomba Caren msamaha waziwazi. Akaniambia tayari wamepata pa kulala mpaka mwisho wa mwezi, kwa dada ya Wanyama kule Nkoroi, nisijali. Nilijali, na bado najali.

Ijumaa, 16 Mei

Mvua ndogo. Kuntai amerudi kwa ng'ombe. Nimebaki kuwakabidhi.

Jumamosi, 24 Mei

Leo nimempa Caren funguo. Kuta ni za rangi ya malai ya maziwa, madirisha tupu, sauti inarudi ukiongea. Mapazia yangu yalikuwa mlangoni kwenye maleso yake, yakingoja gari. Nilipokuwa natoka nilimwona Caren amesimama kwenye chumba cha Nalotuesha akiyakinga macho na jua la jioni, akisema binti yake mdogo Sheryl atalala hapa na jua litamchoma.

Nikatafuta lile la rangi ya maziwa, nikampa. Nilimpigia Nalotuesha kwanza kumuuliza, maana alisema nisiwaachie watu.

"Caren si watu, Yeyo," akasema.

Tulilipandisha pamoja, Caren akifunga vishikio, mimi nikishika upande mmoja kwa mkono wangu mzima. Akaniambia nikija Kitengela nisitafute hoteli. Nikamwambia aende Bungoma hata kama mama hayupo, akafagie kaburi. Akasema ataenda Agosti. Nikamtazama. Akasema, "Mwezi ujao, Mama."

Jumapili, 8 Juni

Nyumbani, Ewuaso Kedong. Mvua imekatika. Majani yamefika magotini mwa ndama, na asubuhi kuna baridi ya kweli. Madirisha ya nyumba yetu ni madogo, mapazia ya sega hayaingii hata moja. Yamelala juu ya kabati, na sijui nitayafanyia nini.

Nalotuesha bado yuko kule kule. Makaratasi hayajatoka. Nilidhani nikishayajua yote moyo utatulia, lakini namtamani zaidi kuliko nilivyokuwa namtamani Machi. Kule Kitengela angalau nilikuwa na kitanda cha kutandika.

Jioni nilikuwa nje nachambua mboga kwa mkono mmoja nikasikia simu ikilia ndani. Nikaanza kuinuka. Halafu nikajua si mlio wa yangu. Ni ya Kuntai, na aliipokea kabla haijalia mara ya pili. Nilisikia akimweleza habari za ndama jike, rangi yake, alama iliyo usoni. Akaeleza sana. Mtu huyu hajawahi kunieleza mimi ng'ombe kwa urefu ule. Nilitaka kuingia niseme na mimi nipo. Wivu kabisa, wa kitoto. Nikabaki na mboga zangu.

Baadaye sauti yake ikanyamaza, nikadhani wamemaliza. Kumbe bado. Alikaa humo ndani kimya, muda mrefu, ndipo akatoka na simu mkononi akakaa kando yangu.

"Alikuwa anasemaje?" nikauliza.

"Aliuliza kama mvua imekatika. Nikamwambia aje aone."

"Akajibuje?"

"Hakujibu. Alikuwa analia." Akachukua mboga moja kwenye ungo wangu, akaanza kuchambua, vibaya, akitupa majani mazuri pamoja na mabovu. "Nikangoja mpaka akamaliza."